Huko Tangini Kuna Samaki?

Hebu wekeni simu chini kidogo, nyie wajukuu zangu mnaosubiri ujumbe wa kuitwa kwenye usaili. Ukija simu italia tu, haukimbii. Mimi nilikaa upande wa pili wa ile meza miaka mingi, nikiwa afisa utumishi katika ofisi moja ya umma huku kwetu Mbinga. Ofisi yenyewe siitaji, waliopo leo wasije wakasema bibi kazeeka na mdomo wake. Nimewaona vijana wakiingia wanatetemeka, tai ya kaka, viatu vya mjomba, wanajibu hata maswali ambayo hatujawauliza. Na kuna jambo mpaka leo linanishangaza: sisi wenyewe tuliokuwa tunauliza, mara nyingi hatukujua tunachotafuta.

Kazini waliniita Mama Kwanini, na msidhani lilikuwa jina la sifa. Mkuu akisema, "Andika," mimi nasema, "Sawa mzee, lakini kwa nini?" Ndivyo Mungu alivyoniumba. Marehemu mume wangu alikuwa ananiambia, "Wee mama, maswali mengine nenda kamwulize padri wa Kigonsera, mimi nataka kula." Nilikuwa namwuliza kwa nini ugali wa mahindi mapya unanukia vile. Mpaka amefariki hajanijibu.

Kazi alinifundisha Mzee Kapinga, bosi wangu wa kwanza, mtu mfupi, mpole, aliyekuwa bwana shamba kabla ya kuwa mtu wa ofisi. Alinifundisha mambo ambayo hayamo kwenye mwongozo wowote. Kiti cha msailiwa usikielekeze dirishani, maana jua likimpiga machoni atapepesa, nawe utasema huyu mwongo. Usimwangalie viatu kabla hajaketi, kwa sababu ukishaviona viatu umeshamwajiri au umeshamfukuza. Ukimwuliza swali akanyamaza, mwache anyamaze. Anayefikiri huwa hana sauti. Hayo nimeyatumia mpaka nastaafu, na nyie mkija kukaa upande ule wa meza yatumieni.

Lakini Mzee Kapinga alituachia na jambo lingine, mtihani wa tangi. Nyuma ya ofisi kulikuwa na kilima, na juu ya kilima tangi la maji. Usaili ukiisha, kama kazi ni ya nje, mzee anawaambia wasailiwa, "Hebu nendeni mpaka tangini mkaniangalizie kama maji yanamwagika." Wakitoka tu, yeye huyo dirishani kuangalia nani anarudi anahema. Enzi zake ilikuwa na maana. Alikuwa anaajiri mabwana shamba, na mashamba yetu ya ngolo, yale mashimo tunayolima kwenye miteremko, mnayajua. Bwana shamba asiye na pumzi atawatembelea wakulima wa kule juu Maguu kwa darubini.

Mzee Kapinga akastaafu, tangi likabaki. Bosi aliyefuata, Mzee Hyera, akawa anapeleka tangini kila mtu: madereva, watu wa maendeleo ya jamii, watu wa mifugo. Nikamwuliza, "Mzee, dereva naye anapanda kwa nini? Si tunampa gari?" Akaniambia, "Mama Kwanini, ndivyo tunavyofanya." Huo ndio ugonjwa wetu watu wa milimani. Hatuamini kwamba mtu anafanya kazi mpaka tumwone anapanda.

Basi ikaja sheria ya watu wenye ulemavu. Ilisema mwajiri mwenye watumishi kuanzia ishirini, asilimia tatu wawe watu wenye ulemavu. Tukaitwa kikao. Loo, kikao kile! Mmoja akapendekeza tumhesabu mlinzi aliyekatika kidole. Mwingine akasema, na mhasibu je, si anavaa miwani? Mzee Hyera mwenyewe akauliza kama mgongo wake unaingia. Tulicheka, lakini walikuwa hawatanii sana. Nikauliza, "Kwani tukimtafuta mtu mwenye ulemavu aliyesomea kazi tunayoihitaji, kuna ubaya gani?" Wakanitazama kama nimeongea Kinyasa cha watu wa ziwani.

Na kusema kweli, mtu mwenye ulemavu tulishawahi kuwa naye, kabla ya sheria hiyo. Mzee Osmundi, haoni, alikuwa opereta wa simu, enzi zile simu zote za ofisi zinapita kwenye mtambo mmoja. Kazi aliijua mno. Anakutambua ukishavuta pumzi tu kabla hujasema haloo, na anakwambia unayemtafuta yuko ofisini au anajificha. Zikaja simu za mkononi, mtambo ukang'olewa. Yeye akapewa kiti pale mapokezi. "Kaa tu mzee, mshahara wako upo." Akakaa. Alisalimia watu kwa kusikia hatua zao. Siku moja napita, akaniita, "Mama Kwanini, leo nimefanya kazi gani?" Mimi mwenye mdomo huu nikajifanya nina haraka, nikapita. Aliendelea kukaa pale mpaka alipostaafu, na swali lake lile linaniuma hata sasa ninapowaambia.

Ndiyo maana alipokuja Foibe moyo wangu ulishtuka mapema.

Tulikuwa tunatafuta afisa uvuvi msaidizi wa kukaa kijijini kandokando ya Ziwa Nyasa, upande wa Liuli. Wakaja vijana kadhaa na binti mmoja, Foibe, mzaliwa wa hukohuko ziwani. Mguu mmoja ulipooza akiwa mtoto, anatembelea magongo mawili. Alikuwa na stashahada ya uvuvi na uso wa mtu asiyependa kusubirishwa. Maswali aliyajibu vizuri. Tulipomwuliza samaki wa Nyasa akaanza na usipa na mbasa, akaendelea mpaka Mzee Hyera akamwambia yatosha, sisi huku tunawajua waliokaushwa tu.

Usaili ukaisha. Mzee Hyera akawaambia wale vijana, "Hebu nendeni tangini." Kisha akamgeukia Foibe kwa sauti ya huruma, ile ya kumsemesha mgonjwa: "Wewe binti kaa, pumzika."

"Wenzangu wanakwenda wapi, mzee?"

"Tangini, juu pale."

"Huko tangini kuna samaki?"

Jamani! Mhasibu alitoka nje kwenda kucheka. Mzee Hyera akajikaza, akaeleza kuwa ni kupima nguvu za miguu, kazi ni ya shuruba. Foibe akasema, "Kwetu mtumbwini tunakaa, mzee. Anayesimama ndiye anayetuzamisha." Kisha akachukua magongo yake, akatoka, akapanda. Taratibu, lakini alipanda, maana ardhi ya kilima ni ngumu na gongo linashika. Akarudi jasho linamtiririka, akasema, "Maji hayamwagiki."

Sasa oneni ajabu ya watu. Jopo zima liliguswa. Mmoja alifuta machozi. Wakasema binti huyu lazima apate kazi, na kweli wakampa. Wakampangia mapokezi. Kwenye kiti cha Mzee Osmundi, kilekile.

"Kwa nini?" nikauliza.

"Tumemwonea huruma," akasema Mzee Hyera. Wala hakuwa mtu mbaya. Alikuwa anampenda kabisa yule binti, na alikuwa anamzika kwa mikono laini.

Foibe alikuja ofisini kwangu, hakuketi. "Shikamoo mama. Mimi nimesomea uvuvi. Kama mnataka mtu wa kuhesabiwa, mhesabuni mlinzi wenu." Sijui nani alimwambia habari za kile kidole. "Nikikaa pale mlangoni mwaka mmoja, mama, nitasahau hata harufu ya ziwa. Nisaidie."

Nilimsumbua Mzee Hyera mpaka akawa ananikimbia kwenye korido. Nafasi ya ziwani ilikuwa bado wazi, mwisho akakubali kwa sharti: Foibe aende ziwani kwa kipindi cha majaribio. Akiweza, anathibitishwa kazini. Akishindwa, anarudi mapokezi, na mimi nifunge mdomo. Hilo la mdomo ndilo lililompendeza zaidi.

Miezi ya mwanzo ikapita salama, kisha maneno yakaanza kupanda mlima. Afisa uvuvi anachelewa mwaloni, pale ufukoni inaposhushia mitumbwi. Wavuvi wanarudi alfajiri na usipa, mitumbwi inashusha, yeye bado yuko njiani. Nyavu zenye matundu madogo, zile zinazokatazwa, zinapita hajaziona. Mzee Hyera akaniita, safari hii bila kucheka. "Mama, nilikwambia. Kipindi chake kinakaribia kuisha. Nimrudishe hapa apumzike, kabla watu hawajamdharau."

Nikamwambia, "Mzee, umemwuliza kwa nini anachelewa?"

"Nimwulize nini? Si mguu?"

Nikaomba gari, nikashuka ziwani mwenyewe. Mimi ni mtu wa Maguu, wajukuu zangu. Maji ninayoyaamini ni ya kwenye ndoo. Barabara inashuka kona baada ya kona, migomba na kahawa vinabaki juu, joto linapanda, na ziwa lile pana linatokeza mbele yako halina haya.

Nikafanya nilichozoea, nikauliza. Nikamwuliza mwenyekiti wa kikundi cha mwalo, kwa nini afisa wenu anachelewa? Akasema mguu, mama, si unamwona. Nikamwuliza mama mmoja aliyekuwa anatandaza usipa kwenye kichanja. Mguu, maskini, tena binti mzuri. Nikamwuliza katekista. Mguu, tunamwombea. Kila mtu alikuwa na jibu, na wote jibu moja, nami nimejifunza kwamba watu wote wakikupa jibu moja harakaharaka, hakuna aliyeangalia.

Foibe mwenyewe nilimkuta yuko mtumbwini anakagua nyavu. Kama mngemwona! Anavuka kutoka mtumbwi mmoja kwenda mwingine kwa mikono, mabega kama ya mpiga kasia, anawakaripia wanaume wazima, nao wanajibu "ndiyo, dada." Nikakaa mbali na maji, nikangoja amalize. Alipokuja nikamwuliza, "Foibe mwanangu, kinachokushinda ni nini?"

Akanitazama kwa muda. Nami nikanyamaza, kama Mzee Kapinga alivyonifundisha.

"Mchanga, mama."

"Mchanga?"

"Kilima napanda, uliniona. Mtumbwini naingia. Lakini kutoka ninapolala mpaka hapa mwaloni ni mchanga mtupu, laini. Gongo linazama. Nalichomoa, nalichomeka, linazama tena. Nikifika hapa mikono imekwisha, na kazi yangu ni ya mikono."

"Mbona hukusema?"

"Aliniuliza nani? Wameniuliza kama mguu unauma. Wameniuliza kama nililogwa. Wameniuliza kama nitaolewa. Habari ya mchanga hakuna aliyeniuliza."

Nilicheka mpaka nikaona aibu, halafu nikakasirika kwa niaba yake. Jopo lote lile, vikao vyote vile, machozi yote yale, kumbe jambo lenyewe lilikuwa chini ya miguu yetu. Watu wa ziwani hawakuliona kwa sababu wamezaliwa wanaukanyaga mchanga. Sisi wa milimani hatukuliona kwa sababu kwetu haupo, sisi tunajua kupanda tu. Na yeye mwenyewe alidhani akitaja mchanga tutasema haya, umeshindwa, twende mapokezi.

Tukaanza kujiuliza sasa, wawili, kama watoto wanaotengeneza gari la mabua. Kitu gani kinatembea mchangani bila kuzama? Foibe akasema bata. Ana unyayo mpana. Alikuwa ameshajaribu kufunga vifuniko vya makopo ya rangi chini ya magongo, vikapinda, tena vinapiga kelele mpaka mbwa wanamfuata. Tukaenda Mbamba Bay kwa fundi anayeshona katambuga, vile viatu vya matairi. Fundi akakata duara mbili kubwa, kila moja kama sahani ya wali, akazitoboa katikati, akazivika kwenye magongo.

Tukarudi kujaribu. Wee! Hayakuzama hata kidogo, ila kila Foibe aliponyanyua gongo, lile tairi lilichota mchanga na kuurusha nyuma. Mimi ndiye niliyekuwa nyuma. Nilikula mchanga wa Nyasa mpaka kwenye meno. Foibe alicheka hadi akakaa chini. Fundi alipofika kuona kazi yake, akapunguza zile duara na kuzitoboa matundu ya kupitisha mchanga. Kesho yake mitumbwi ya kwanza inagusa ufuko, Foibe alishafika, anaisubiri.

Niliporudi Mbinga, Mzee Hyera hakuamini. Akashuka mwenyewe, nami nikamfuata, maana burudani ile singeikosa. Alivaa viatu vyake vya ofisi vyenye soli nyembamba. Kufika katikati ya mchanga ule, bosi wangu aliyewapandisha watu tangini miaka yote alikuwa anahema, tai amelegeza, viatu vimejaa. Foibe alikuwa mbele, kafika, kageuka.

"Shikamoo mzee. Pole. Kaa, pumzika."

Mzee alisimama pale akamwangalia, akayaangalia magongo, akaviangalia viatu vyake. Kisha akacheka, na mtu akiweza kujicheka mwenyewe mimi namsamehe mengi. "Marahaba, mwanangu," akasema. "Nimekuelewa." Foibe alithibitishwa kazini. Hakurudi mapokezi.

Na usaili wetu ulibadilika. Tangi tuliliacha libaki tangi. Nikaomba swali moja liongezwe, na kila mtu aulizwe, mwenye ulemavu na asiye nao: "Katika kazi hii, kitu gani kitakushinda, na tufanyeje?" Mngesikia yaliyotoka! Dereva akasema usiku haoni vizuri. Karani akasema akifokewa mikono inatetemeka. Na kijana mmoja wa uvuvi, miguu miwili kama nguzo, aliyekuwa wa kwanza tangini siku ileile ya Foibe, alirudi kuomba tena, tukamwuliza, akainama akasema, "Naogopa maji." Hebu fikirini. Huyo ndiye ambaye tangi lingetuchagulia.

Siku hizi mnaomba kwa mtandao, usaili mwingine unafanyika mbali huko, na kuna kisanduku cha kuweka alama kama una ulemavu. Vizuri. Bila ile asilimia mlango usingefunguka, msimwache mtu awadanganye. Lakini mlango ukishafunguka mtu anapelekwa wapi? Kwenye kazi, au kwenye kiti? Hilo ndilo ninaloendelea kulichunguza, hata sasa nimestaafu.

Na nina sababu. Magoti yangu yamekwisha. Watoto wangu, wema kweli, walininyang'anya jembe, wakanitolea kiti kizuri barazani. "Kaa tu mama, kila kitu kipo." Nikakaa. Nikawa nasalimia wapita njia. Jioni moja nikajisikia nasema peke yangu, "Leo nimefanya kazi gani?" Nikashtuka. Ilikuwa sauti yangu, lakini maneno ya Mzee Osmundi.

Nikamsumbua mwanangu anipeleke ziwani kumwona Foibe. Sasa ni mkubwa kule, na usaili ukifanyika naye hukaa kwenye jopo. Niliposhuka garini, fimbo yangu ikazama mchangani mpaka nusu. Nikaichomoa, ikazama tena. Vijana wa mwaloni wakanikimbilia, mmoja kwapa hili, mwingine kwapa lile, wananinyanyua kama gunia la kahawa.

Sauti ikatoka huko majini: "Mwacheni! Mmemwuliza?"

Akaja, yale magongo yake yanapiga mchanga tap, tap, wala hayazami. Akasimama mbele yangu. "Shikamoo mama. Kinachokushinda ni nini?"

Wajukuu zangu, tangu magoti yaanze hakuna aliyekuwa ameniuliza hivyo. Daktari aliuliza yanauma wapi. Watoto waliuliza kama nimekula. Mimi, Mama Kwanini, nilisimama pale machozi yananitoka. Foibe akanyamaza, akaningoja.

"Mchanga," nikasema. Kisha nikasema lililo kweli zaidi: "Na kile kiti, mwanangu. Kile kiti cha barazani."

Hakusema pole. Alituma mtu akaleta kipande cha tairi, akakivika kwenye fimbo yangu palepale. Akaniuliza kama nataka kuonja ziwa, nikamwambia naogopa, akasema najua, uliogopa hata siku ile. Nikatembea mwenyewe mpaka kwenye maji. Nikaingia mtumbwini, nimeshika ukingo kwa mikono miwili, nasali rozari kwa kunong'ona, tukaenda. Foibe akanipa kasia.

"Piga, mama."

Nikapiga. Mtumbwi ukasogea. Na mle ndani miguu yangu haikuwa na kazi yoyote.